Kanga ya Nyumba ya Tatu

Mimi ni mwalimu wa sayansi ya siasa. Hiyo ndiyo kazi inayonipa mshahara. Nyingine, ambayo wenzangu chuoni huitaja kwa sauti ya chini kama ugonjwa wa ukoo, ni kuandika riwaya za mambo yajayo: miji inayoelea, mashine zinazokumbuka, watu wanaohama dunia na kuacha nyuma kesi za viwanja Mbagala. Wanafunzi wangu wakikutana na riwaya hizo hushangaa kwamba ni mimi. Wasomaji wangu nao wakisikia nafundisha siasa husema, kumbe, ndiyo maana. Sijawahi kuelewa wana maana gani, na siulizi.

Nimechapisha riwaya tano. Ya tano ndiyo ninayotaka kuisema hapa, kwa sababu ilimnyang'anya baba yangu kitu alichokuwa amekishika kwa zaidi ya miaka arobaini, na mnyang'anyi ni mimi.

Baba alikuwa mjumbe wa nyumba kumi, Mtoni, mitaa ya nyuma kabla hujatokea barabara ya Kilwa. Mwenye kutaka barua ya utambulisho alianzia kwake. Mwenye ugomvi wa ukuta, mwenye mume anayepiga, mwenye mgeni wa kuandikisha, wote walianzia kwake. Tangu vyama vingi vije, kisheria mjumbe ni mtu wa chama tu, na serikali ina ofisi yake ya mtaa yenye bendera na mwenyekiti. Nyumba zetu kumi hazikupata taarifa hiyo, au zilipata zikaipuuza. Waliendelea kuja. Nje ya mlango wetu kulikuwa na benchi la mbao, na asubuhi hukosi kukuta mtu ameketi pale akingoja mzee amalize chai.

Nilifanya utafiti wa shahada yangu ya uzamivu juu ya jambo hilo hilo. Nilihoji wajumbe Temeke nzima, na baba alikuwa mhojiwa namba kumi na nne. Nilimwuliza, kwa lugha ya kitabuni inayonitia aibu mpaka leo, ni nini chanzo cha mamlaka yake. Akanitazama kwa huruma. "Mie sisemi ya watu," akajibu, kisha akaulizia kama nimekula. Nikaandika kwamba mhojiwa hakutoa jibu la moja kwa moja. Nilipewa shahada kwa kutoelewa namna hiyo.

Hakuwa mtu mpole, nisije nikamfanya malaika. Alikuwa karani mstaafu wa bohari, mkali kwa mambo madogo. Ukigusa muhuri wake, umekwisha. Ukichelewa kwenye kikao chake dakika tano, atakuuliza mbele ya watu kama umetokea Kigoma. Kalamu tatu mfukoni, mbili hazina wino. Redio yake ilisikika mpaka nyumba ya tano, na mtu akilalamika, aliambiwa alete malalamiko kwa mjumbe.

Sebule yetu iligawanywa kwa pazia. Mbele palikuwa na viti vinne na meza ya baba, nyuma palikuwa na godoro langu. Watu wenye mambo mazito walikuja mara tu baada ya swala ya alfajiri, kabla majirani hawajatoka. Baba aliamini mtoto akilala amelala. Mimi nililala macho. Nilijua nani anapigwa, nani hazai, nani amesilimu kwa ajili ya mke na bado anaimba kwaya kimoyomoyo. Sikumwambia mtu yeyote, hata watoto wenzangu, na hilo lilinipa majivuno makubwa kwa umri wangu.

Nilikuwa na miaka tisa alfajiri waliyokuja mume na mke wa nyumba ya tatu. Mke alikuwa amebeba beseni. Nilichungulia kwenye upenyo wa pazia, nikaona ndani ya beseni mtoto mchanga amefungwa kanga moja, moja tu, isiyo na mwenzake. Walikuwa wamemkuta mlangoni kwao, mume alipofungua aende msikitini. Mwanamke yule alikuwa na miaka mingi ya ndoa bila mtoto, na ndiyo kwanza alikuwa amerudi kutoka kwao Rufiji, alikokaa miezi saba akimwuguza mama yake.

Baba akauliza, "Mnamtaka?"

Mume akamtazama mkewe. Mkewe alikuwa ameshamwinua mtoto na kumpa titi, lisilo na maziwa.

Baba akachukua kalamu yenye wino, akaandika barua kwamba mtoto huyu amezaliwa Rufiji na mama yake ndiye huyu. Akapiga muhuri. Kwa ninavyojua, ule ndio uongo pekee alioupiga muhuri maishani mwake. Kisha akaikunjua kanga, akayasoma maneno yake, akaikunja tena taratibu. "Hii itunzeni," akawaambia. "Siku mkitaka kumwambia mwenyewe, mtamwambia nayo. Siku hiyo ni yenu, hakuna mwingine wa kuipanga."

Maneno yaliyokuwa kwenye kanga ile sitayaandika hapa. Nilishayaandika mara moja na inatosha.

Riwaya yangu ya tano ilikuwa ya Temeke ya miaka mia mbili ijayo. Bahari imepanda mpaka barabara ya Kilwa, watu wanaishi juu ya nguzo, na kila nyumba kumi zina sanduku ukutani linaloitwa Shina. Shina linajua kila kitu cha nyumba zake na halisahau. Nilikuwa nimechoka kuandika makala zinazosomwa na watu wanne, wawili wakiwa wamelazimishwa. Nilitaka kuuliza lile lile swali la utafiti wangu kwa namna ambayo mtu angelifuata mpaka mwisho: siri za watu zikitunzwa na kitu kisichojua aibu, kutatokea nini? Bado naona ni swali zuri, na linaniuma kwamba bado naliona hivyo.

Sura ya nne ilihitaji siri. Wakati huo nilikuwa nimeshahamia Mikocheni, naandikia katika chumba cha nyuma kinachopakana na kiwanda kinachonguruma mchana kutwa. Nilitunga siri wiki mbili, zote zikawa za plastiki. Siku moja nikaandika mlango, beseni na kanga, saa moja na nusu, bila kufuta neno. Nilipomaliza nilisimama nikajipikia chai kwa furaha.

Sisi watu wa utafiti tuna njia yetu ya kunawa mikono. Tunabadilisha majina, tunawapa watu namba, tunaandika chini ya ukurasa kwamba utambulisho wa wahojiwa umehifadhiwa, kisha tunalala usingizi. Mtoto yule nilikuwa nimempeleka miaka mia mbili mbele, nimemweka juu ya maji, nimemfanya wa kiume. Nikajiona nimemlinda kuliko kamati yoyote ya maadili ingenidai. Kilichobaki kama kilivyo ni maneno ya kanga tu. Nilijiambia nitayabadilisha kwenye rasimu ya mwisho, na kweli nilijaribu, nikaweka usemi huu, nikaweka ule, kila mmoja ukaozesha ukurasa. Basi nikayaacha kwa sababu yalikuwa mazuri. Sina sababu nyingine, na msomaji asinitafutie.

Rasimu ilisomwa na watu watatu, wawili wao maprofesa. Walinisahihisha mambo ya mawimbi na mambo ya katiba. Baba hakuisoma. Alikuwa na mtoto wa jicho macho yote mawili na anaogopa kupasuliwa, akawa ananiomba nimsomee. "Njoo nayo basi, nisikie hayo mambo yako ya mawinguni." Nilikuwa nakwenda Mtoni kila mwezi, na kila mwezi nilisahau kuichukua. Nilikuwa naisahau kwa sababu niliona haimhusu. Angeisikia ile kanga, angenikatisha hapo hapo, tungefuta mstari mmoja, tukaendelea kunywa chai.

Kitabu kilipotoka tulifanya kahafla kadogo. Yule mtoto wa kwenye beseni alikuja. Ni mwalimu wa sekondari sasa, ameolewa Kigamboni, mchangamfu, anacheka kabla hajamaliza sentensi yake. Tumekua mtaa mmoja na ananiita braza.

"Braza, sie wa Mtoni tunajidai siku hizi," akaniambia. "Tuna mwandishi. Hebu nisainie."

Nikaandika: Kwa dada yangu wa nyumba ya tatu. Nilisita kidogo kabla ya kufunga kalamu. Nikajiambia, mtoto wa sura ya nne ni wa kiume.

Mwezi uliofuata nilipofika Mtoni, benchi lilikuwa tupu. Sikulitilia maanani, nikadhani watu wamekwenda msibani. Baba alikuwa ndani, redio imezimwa. Hilo ndilo lililonishtua.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba. Sogea karibu." Akangoja niketi. "Hivi, ulipokuwa mdogo, ulikuwaga unalala kweli kule nyuma?"

Nilielewa palepale. Sijui jinsi ya kueleza namna mtu mwenye vyeti ukutani anavyoweza kuwa na miaka tisa ghafla. Nikasema hapana, nilikuwa silali.

"Haya," akasema.

Kisha akanieleza. Mama wa nyumba ya tatu, ambaye wakati huo alikuwa mjane, alikuja juzi yake alasiri, na kitabu changu kwenye mfuko. Binti yake alikuwa ameisoma sura ya nne. Tangu utotoni aliijua kanga moja isiyo na mwenzake iliyokuwa ikikaa chini kabisa ya sanduku la mama yake, na kila alipouliza, aliambiwa ya pili iliibwa kambani. Akaenda Mtoni na kitabu, akaitoa ile kanga, akaviweka pamoja kitandani, akauliza, "Mama, mie nimetoka wapi?" Alipojibiwa alirudi Kigamboni siku hiyo hiyo, na simu za mama yake akawa hapokei.

"Kaniuliza," baba akasema. "'Mjumbe, ulisema?' Nikamwambia nilisema. Nikamwambia nilikusimulia kama hadithi ya zamani, sikukutajia mtu, wewe hukujua ni nani. Nikamwambia uzee huu, mama, mdomo umelegea."

"Baba, si kweli."

"Kwani nimekuuliza kama ni kweli?"

"Nakwenda kwake sasa hivi nimwambie ni mimi."

"Kaa chini." Ile sauti ya kikao. "Ukamwambie nini? Watu wa nyumba kumi wamekaa kwenye viti hivi. Wamelia humu. Leo ukimwambia mmoja kulikuwa na mtu nyuma ya pazia, kesho wote watajiuliza, na langu je, limo kitabu gani? Waache waone mzee kapayuka mara moja. Mzee akipayuka anazikwa, yanaisha. Wewe bado unaandika."

Nililia pale, mtu mzima mwenye mvi. Hakunibembeleza. Alinyoosha mkono akapapasa meza mpaka akakipata kikombe chake, akanywa chai iliyokwisha kupoa, akanikataza mara ya pili ili nisije nikasema sikusikia. Nikamtii. Nimefikiria sana utii ule, na ninachoweza kusema ni kwamba ulikuwa mwepesi mno. Ungekuwa utii wa kweli ungeniumiza zaidi siku ile.

Mama yule hakumwambia mtu siri yake; angeanzia wapi? Alichosema kwa majirani ni kidogo tu: "Mambo yenu msimpelekee mzee." Mtaani kwetu hilo linatosha. Watu wakaanza kwenda ofisi ya mtaa, kwenye bendera, wakapanga foleni. Hawakumkosea adabu baba. Walimpa shikamoo zake, wakamletea bakuli la futari Ramadhani kama kawaida. Ila hakuna aliyeketi tena kwenye benchi. Binti alirudi kwa mama yake baada ya miezi mitatu, wakashikana, wakaishi. Kwa baba hakuna aliyerudi.

Kila siku alikwenda msikitini na fimbo yake, na njia inapita mbele ya nyumba ya tatu. Kila siku alimsalimia mama yule, na kila siku mama yule hakuitikia. Nilimwambia apite njia ya nyuma. Akasema njia ya nyuma ina tope.

Nikaanza kwenda Mtoni kila Jumamosi badala ya kila mwezi. Ninakwenda asubuhi, naketi kwenye benchi nje, nangoja amalize chai, kisha naingia na kumpelekea shauri. Mwanzoni yalikuwa ya kweli: walimu wawili wa idara yetu walikuwa wakigombea ofisi yenye dirisha. Baba alinyooka kwenye kiti utadhani amevuliwa miaka ishirini.

"Wanasalimiana?"

"Hapana, baba."

"Basi hilo bado si shauri. Waambie wasalimiane kwanza, wiki nzima, halafu ndiyo waje."

Mashauri ya kweli yalipoisha nikaanza kuyatunga. Sikuwa na la kufanya. Chuo kizima hakina ugomvi wa kutosha Jumamosi hamsini na mbili, ingawa kinajitahidi. Nikampa mashauri ya mji wa juu ya maji. Nyumba ya mtu inasogea maji yakijaa na kumkinga jirani jua la kuendeshea mitambo yake. Nani mwenye haki?

"Nani alitangulia kukaa pale?"

"Hakuna anayekumbuka."

"Yuko bibi anayekumbuka. Katafute bibi." Kisha akageuza uso upande wangu. "Hili umelitunga."

"Nimelitunga, baba."

"Haya. Na huyo mwenye nyumba inayotembea, ana watoto?"

Tulikwenda hivyo karibu miaka miwili. Aliwahukumia watu ambao hawajazaliwa, kwa haki na kwa ukali, na mmoja wao akafukuzwa kwenye kikao kwa kuchelewa. Nilikuwa namfurahisha, nami nilikuwa nafurahi, halafu ninatoka nje na kulikuta lile benchi limenyooka jua linalichoma. Mashauri yale sijayaandika popote. Tangu wakati huo sijaandika riwaya.

Alifariki siku ya Alhamisi, baada ya siku sita za nimonia. Macho hakuwahi kuyapasua. Tulimzika Ijumaa. Kabla ya kumtoa nyumbani, mimi kama mwanawe mkubwa nilisimama mbele ya watu, kama ilivyo desturi, nikasema kama kuna mtu ambaye marehemu alimkosea, tunamwomba amsamehe, na sisi watoto wake tunaomba kwa niaba yake. Nimezoea kusema mbele ya watu. Siku ile sauti ilinikwama katikati, watu wakadhani ni msiba, na ulikuwa msiba. Ndani walikuwa wanawake, na mama wa nyumba ya tatu alikuwa miongoni mwao. Alikuwa amekuja tangu asubuhi, akachambua mchele na wenzake.

Siku ya tatu, baada ya hitima, wanawake walikuwa uani wakisugua masufuria. Aliniita pembeni, karibu na tangi la maji. Alikuwa amekonda, mikono ina majivu mpaka kwenye viwiko.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Baba yako mie na yeye tulikuwa na neno." Akasogea karibu zaidi na tangi. "Miaka miwili kapita mlangoni kwangu, kanisalimia, sijamwitikia. Kila siku, mwanangu. Hakuacha. Kuna siku nilikuwa nataka kuitika, ulimi ukagoma."

Nilisema najua. Nikataka kuendelea, na koo lilikuwa tayari.

"Wewe usijilaumu," akaniwahi. "Kaniambia mwenyewe kwamba hukujua. Mtu anasimuliwa hadithi na babake, anaandika, kosa lake nini? Mie nimesikia ulivyosema juzi, tumsamehe. Nimemsamehe. Duniani na akhera nimemsamehe. Ukienda kaburini mwambie."

Alikuwa analia na uso wake umetulia, uso wa mtu aliyetua ndoo kichwani baada ya mwendo mrefu. Nilimwona hivyo nikashindwa. Nikiri, ataanza upya: atajua alimnyima salamu asiye na hatia miaka miwili, na hakuna tena wa kumwitikia. Nisipokiri, baba atabaki na jina alilojitwika. Hizo ndizo hoja nilizojipa pale karibu na tangi, na ni hoja nzuri. Kupanga hoja ni kazi yangu. Chini yake kulikuwa na woga wa kawaida.

"Ahsante, mama," nikasema. "Nitamwambia."

Akanishika bega kwa mkono wake wa majivu, akarudi kwenye masufuria. Kaburini nilikwenda, lakini sikumwambia baba chochote. Ningemwambiaje kwamba amesamehewa?

Mama yule naye alifariki, mwaka mmoja na kitu baadaye. Nilingoja arobaini yake ipite, nikamwomba binti yake nikamwone. Nilivuka daraja kwenda Kigamboni mchana wa Jumapili, nikamkuta anasahihisha madaftari kwenye meza ya chakula. Hakuwa anacheka kama zamani, ila alinikaribisha vizuri, akaniletea maji. Nikamweleza yote, kuanzia pazia. Nilimweleza bila kujitetea, au kwa kujitetea kidogo nilivyoweza. Muda wote alikuwa ameshika kalamu nyekundu, haandiki.

"Kwa hiyo mzee hakusema," akasema mwishowe.

"Hakuwahi kusema neno. Kwa mtu yeyote."

"Na mama hakujua."

"Hakujua."

Akaweka kalamu chini. "Unajua, braza, mie sikukasirika kwa kujua. Siku moja ningejua tu. Nilikasirika kwa kujulia kitabuni, na sahihi yako ndani." Akafunga daftari lililokuwa mbele yake. "Mama alikuwa ameshapanga aniambie. Alikuwa anangoja mwanangu wa kwanza amalize darasa la saba, sijui kwa nini hapo. Wazee na mahesabu yao."

Nikamwambia nataka kuliandika jambo hili, kwa kuwa jina la baba limebaki baya Mtoni na sina njia nyingine ya kulisafisha. Nikamwambia akikataa sitaandika, na sitamwuliza tena.

"Andika," akasema. "Nyumba zote kumi zisome. Maneno ya kanga usiyaweke."

Nikaahidi. Kisha nikauliza nililokuwa nimekuja kuuliza hasa, nalo lilinitoka vibaya, kwa sauti ya mwanafunzi anayeomba kuongezewa alama. Nilimwuliza kama ananisamehe.

Alinitazama. Halikuwa jicho la chuki.

"Mie nilishasamehe siku nyingi, braza," akasema. "Lakini aliyekuwa na neno na wewe ni mama. Na msamaha wake kashampa mtu mwingine."